Sangara Alipimwa, Mchomaji Bado

Mazungumzo ya leo yanahusu sumu. Nazungumzia zile zinazotoka viwandani, zenye nembo na risiti, zilizoletwa kando ya ziwa letu, Ziwa Victoria, ili kutibu watu, kukuza pamba, kuvua samaki au kunasa dhahabu. Zimekuwa nasi kwa zaidi ya miaka mia moja. Ukiifuata historia yake, kuna jambo linauma kila unapolifikia. Sumu hupimwa upesi inapogusa mali inayosafirishwa nje. Ikimgusa mtu anayeishika kwa mikono yake, kipimo huchelewa miaka na miaka, au hakiji.

Tuanze mwaka 1906. Mwaka ule alifika hapa Mwanza daktari Mjerumani, Robert Koch, mtu aliyekuwa amepewa tuzo ya Nobel mwaka mmoja tu kabla yake. Alikuwa anaufuata ugonjwa wa malale, ambao wakati huo ulikuwa unafyeka vijiji vizima pembezoni mwa ziwa, hasa upande wa Busoga na visiwa vya Uganda. Mwanza hakupata wagonjwa wa kutosha kwa utafiti wake, akavuka maji hadi visiwa vya Sese na kupiga kambi Bugala. Dawa aliyokuja nayo iliitwa atoksili, na ndani yake kulikuwa na aseniki.

Watu walikuja kwa mamia. Wengine walibebwa kwenye mitumbwi na ndugu zao. Sindano za mwanzo zilileta matumaini: vimelea vilitoweka kwenye damu, mgonjwa aliyekuwa anasinzia mchana kutwa akaanza kuamka. Baada ya muda vimelea vikarudi. Koch akaongeza kiasi cha dawa, na hapo macho ya wagonjwa yakaanza kufifia. Zaidi ya watu ishirini walipofuka, kwa sababu aseniki iliharibu mishipa inayopeleka picha kutoka jichoni hadi kwenye ubongo. Mishipa ile ikishakufa haioti tena. Hata hivyo dawa haikuachwa. Kambi nyingine zikafunguliwa upande wa Wajerumani, ikiwamo ya Shirati, huko Mara, na sindano za atoksili zikaendelea.

Sitaki kumhukumu Koch kwa urahisi. Malale yasiyotibiwa yalikuwa kifo, na mgonjwa aliyeletwa Bugala hakuwa na dawa nyingine ya kuchagua. Ninachosema ni kwamba dunia ilifaidika. Paul Ehrlich na wenzake, kule Ujerumani, walianzia kwenye kemia ya atoksili hiyo hiyo wakafika kwenye Salvarsan, dawa ya kaswende iliyoanza kuuzwa mwaka 1910 na kutibu mamilioni ya watu. Taasisi kubwa ya afya ya Ujerumani mjini Berlin inaitwa kwa jina la Koch mpaka leo. Wale waliorudi nyumbani visiwani wakiongozwa kwa fimbo ni sehemu ya historia hiyo hiyo, na wanastahili kutajwa kwenye ukurasa ule ule.

Aseniki haikuishia kwenye sindano. Wakati wa ukoloni ilitiwa kwenye majosho ya ng'ombe kuua kupe, kisha nafasi yake ikachukuliwa na sumu mpya za viwandani. Mwaka 1939 Mswisi Paul Müller aligundua kwamba DDT inaua wadudu, na mwaka 1948 naye akapewa Nobel. Huku Usukumani ilikuwa enzi ya pamba. Mwaka 1955 wakulima walikuwa na chama kikuu chao, kile cha Victoria Federation kilichojengwa na kina Paul Bomani, na kituo cha utafiti cha Ukiriguru kilikuwa kinatoa mbegu bora na ushauri wa kilimo. Pamba ina maadui wengi, funza wa vitumba akiwa wa kwanza, na mkulima alifundishwa kupuliza dawa. Ilikuwa DDT, baadaye endosulfan, ile tuliyoizoea kwa jina la Thiodan. Mzee alibeba bomba mgongoni, miguu mitupu, upepo ukimrudishia ukungu usoni. Kopo likiisha lilisuuzwa, likawa chombo cha maji au cha mafuta ya taa. Hakuna aliyekuja kumpima mzee yule.

Sasa tufike mwaka 1999, ambao wengi wenu mnaukumbuka kwa uchungu.

Kufikia wakati huo sangara, samaki aliyepandikizwa ziwani miaka ya hamsini, alikuwa amebadilisha maisha ya kanda nzima. Viwanda vya minofu vilijaa Mwanza, Musoma na Bukoba, na ndege zilipaa na minofu kwenda Ulaya. Katika harakati hizo baadhi ya wavuvi, katika nchi zote tatu zinazolizunguka ziwa, wakagundua njia ya mkato. Unachukua Thiodan ya pamba, unaimimina usiku kwenye ghuba yenye maji machache, unasubiri. Endosulfan huvuruga mishipa ya fahamu, na samaki hana kinga yoyote mbele yake. Kiasi kidogo sana, kinachohesabiwa kwa sehemu za bilioni, kinatosha kumuua. Alfajiri samaki wanaelea, wanakusanywa kama majani makavu. Na ghuba ile ile ndiyo wanawake wanakoteka maji ya kunywa.

Machi 1999 Uganda ilisimamisha yenyewe kupeleka samaki Ulaya. Aprili Umoja wa Ulaya ukafunga mlango kwa samaki wa ziwa lote. Lilikuwa pigo juu ya pigo, maana mwanzoni mwa 1998 mlango ulikuwa umefungwa pia kwa hofu ya kipindupindu. Viwanda vikapunguza zamu, vijana wakarudishwa nyumbani, bei ya sangara mwaloni ikaanguka. Mwanamke anayekaanga mapanki alikosa mapanki, kwa kuwa kiwanda kisipokata minofu hakuna mifupa ya kuuza.

Na hapo, msikilizaji, tuliona serikali na jamii zinavyoweza kwenda mbio. Maofisa uvuvi wakashuka mialoni. Vikundi vya usimamizi wa fukwe, hizi BMU tunazozijua leo, vikapewa nguvu ya kulinda mialo, kwa sababu mvuvi anajua ni nani aliyetoka usiku bila wavu. Samaki wakapimwa, maji yakapimwa, tope la chini ya ziwa likapimwa. Mwaka 2000 soko likatufungukia tena. Leo maabara ya taifa ya ubora wa samaki iko hapa hapa Nyegezi, na minofu haiondoki bila cheti. Hii ni kazi nzuri na ninaisifu kwa dhati. Imelinda kazi za watu wetu na imelinda ziwa.

Lakini fikiria yule mzee wa pamba. Thiodan iliyotutisha ilipoingia kwenye samaki ilikuwa kwenye mapafu yake miaka mingi kabla. Endosulfan iliwekwa kwenye orodha ya Mkataba wa Stockholm, ile ya kemikali zinazotakiwa kukomeshwa duniani, mwaka 2011, zaidi ya nusu karne tangu ianze kuuzwa. Muda wote huo shamba la Kwimba au Magu halikuwa na mnunuzi wa nje wa kuligomea kwa ajili ya afya ya mpulizaji.

Mwaka huo huo wa 1999 lilitokea jambo jingine ambalo halikufunga kiwanda wala kusimamisha ndege. Lilihusu zebaki.

Ili tulielewe, turudi kwanza Japani, kwenye mji wa wavuvi uitwao Minamata. Kiwanda cha kampuni ya Chisso kilimwaga maji machafu yenye zebaki kwenye ghuba kwa miaka mingi. Zebaki ile, ya aina iitwayo methili, iliingia kwa samaki na kutoka kwa samaki ikaingia kwa watu. Paka walianza kurukaruka kama wenye wazimu na kujitupa baharini. Mei 1956 ugonjwa ukaripotiwa rasmi: watoto wasioweza kutembea wala kumeza, watu wazima wanaotetemeka na kupoteza kuona. Mwaka 1959 daktari wa hospitali ya kampuni, Hosokawa Hajime, alimlisha paka chakula kilichochanganywa na maji ya kiwanda, paka akaugua ugonjwa ule ule. Kipimo kilikuwa kimepatikana, kampuni ikakificha. Kiwanda kikaendelea kumwaga hadi 1968. Akina mama walioonekana wazima walizaa watoto walioharibika ubongo tangu tumboni.

Mmoja wa madaktari waliotumia maisha yao yote pamoja na wagonjwa wa Minamata aliitwa Harada Masazumi. Miaka ya tisini alikuja hapa kwetu. Alikuja kwa sababu uchimbaji mdogo wa dhahabu ulikuwa umepamba moto kanda ya ziwa baada ya biashara ya madini kufunguliwa mwishoni mwa miaka ya themanini, na wachimbaji walikuwa wanatumia zebaki. Swali lake lilikuwa moja: je, Minamata nyingine inakuja Ziwa Victoria? Yeye na wenzake walichukua nywele za wachimbaji, za wavuvi na familia zao, na za wakazi wa jiji la Mwanza. Nywele hutunza kumbukumbu ya zebaki iliyopita mwilini.

Matokeo yao yalichapishwa mwaka 1999, na yalishangaza. Samaki wa ziwani hawakuwa tatizo. Watafiti wengine wawili, Ikingura wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na Akagi wa Minamata, walikuwa wamechapisha mwaka 1996 jambo hilo hilo: zebaki kwenye samaki wa ziwa ilikuwa ndogo. Mla sangara na mla dagaa wangeweza kula kwa amani. Zebaki nyingi ilikutwa kwa baadhi ya wachimbaji, na ikakutwa pia kwa watu ambao hawajawahi kukanyaga machimbo. Ilipofuatiliwa ikaonekana imetoka bafuni, kwenye sabuni za kujichubua ngozi zilizotiwa zebaki na kutengenezwa ng'ambo.

Naomba tulitafakari hilo. Mwaka mmoja, ziwa moja, vipimo viwili. Kimoja kilihusu samaki wa kwenda Ulaya, kikazaa maabara, kanuni, vikundi vya ulinzi na bajeti. Kingine kilihusu nywele za watu wa Mwanza na Geita, kikabaki kwenye majarida ya wataalamu. Sabuni na krimu za zebaki zimepigwa marufuku nchini, na maofisa hukamata shehena mara kwa mara, lakini mkorogo bado unauzwa vichochoroni kwa bei ya chakula cha mchana.

Wachimbaji nao je? Wanaojua machimbo ya Rwamagasa, Nyarugusu au Mgusu hawahitaji kuelezwa, ila kwa faida ya wengine nieleze. Jiwe linatolewa kwenye duara, linasagwa kwenye karasha, unga wake unaoshwa kwa maji juu ya magunia yanayonasa mchanga mzito. Mchanga huo unatiwa kwenye beseni, zebaki inamiminwa, na mtu anafikicha kwa mikono mitupu. Zebaki inashikamana na dhahabu, vinakuwa kitonge kimoja cheupe. Kitonge kinakamuliwa kwa kitambaa, kisha kinawekwa juu ya moto. Zebaki inachemka kwenye nyuzi 357, inaondoka kama mvuke, dhahabu inabaki.

Ule mvuke ndio hatari yenyewe. Hauna harufu. Mtu akiuvuta, karibu asilimia 80 ya zebaki iliyomo inanyonywa na mapafu, inaingia kwenye damu na kufika kwenye ubongo na figo, na kwa mjamzito inafika kwa mtoto. Kwa kila gramu ya dhahabu inayopatikana hivi, gramu moja au zaidi ya zebaki inapotea hewani, majini au kwenye mchanga. Uchomaji mwingi hufanyika nyumbani, kwenye jiko la mkaa, kwa kuogopa wezi. Mama anachoma, mtoto yuko mgongoni. Mnunuzi wa dhahabu mjini naye anayeyusha tena, kwa sababu dhahabu ya machimbo huwa bado na mabaki ya zebaki, na chumba chake kina dirisha moja. Agosti 2013 shirika la Human Rights Watch lilichapisha ripoti iliyoonyesha watoto wa Geita, Kahama na Chunya wakishika na kuchoma zebaki kwa mikono yao.

Dalili zake huja polepole: mikono kutetemeka, kusahau, hasira zisizo na sababu, kukosa usingizi, ladha ya chuma mdomoni. Mchimbaji anayetetemeka huambiwa ni pombe. Mke wake akisahausahau huambiwa ni mawazo. Wengine hupelekwa kwa mganga. Akifika zahanati hupimwa malaria, ikikosekana hupimwa mkojo kutafuta maambukizi, kisha anapewa panado na kurudishwa nyumbani kwenye jiko lile lile. Simlaumu mganga wa zahanati. Hana kifaa, na mara nyingi hajafundishwa kuuliza, "Unafanya kazi gani, na mnachomea wapi?"

Hapa lazima nigusie saratani, kwa sababu kila mazungumzo ya sumu kanda ya ziwa huishia hapo. Watu wanaona ndugu zao wengi wakipelekwa hospitali ya Bugando, wanasema ni migodi, ni zebaki. Uchungu wao ni wa kweli na swali lao ni halali. Lakini mvuke wa zebaki haujathibitishwa kuwa chanzo cha saratani. Unajulikana kwa kuharibu ubongo, mishipa ya fahamu na figo. Kwa saratani tuna maadui wanaofahamika wazi, kama virusi vya HPV kwenye shingo ya kizazi na kichocho kinachokaa kwenye kibofu miaka mingi. Nasema hivi kwa sababu tukimsubiri mchomaji wa zebaki aje na uvimbe ndipo tuamini ameumia, hatutamwona kabisa, na huku mikono yake inatetemeka mbele yetu.

Mgodi mkubwa angalau una lango na anwani. Mwaka 2009 maji yenye asidi yalipovuja kutoka mgodi wa North Mara na kuingia Mto Tigithe, wananchi wa Nyamongo walijua wamkabili nani. Mwaka 2019 Baraza la Taifa la Hifadhi na Usimamizi wa Mazingira, NEMC, liliutoza mgodi huo faini ya shilingi bilioni 5.6 kwa maji ya sumu yaliyokuwa yakivuja kutoka bwawa la mabaki. Mambo hayakwisha pale, lakini kulikuwa na mtu wa kuandikiwa barua. Jiko la mkaa nyuma ya nyumba Nyarugusu halina lango. Mara nyingi zebaki yenyewe mchimbaji hukopeshwa au hupewa bure na mfadhili wake, kwa ahadi kwamba dhahabu atamuuzia yeye. Ukimwambia mchimbaji wa namna hiyo aache zebaki, umemwambia amwache anayemlisha.

Njia za kupunguza madhara zipo, na si za kubahatisha. Chombo cha chuma kilichofungwa, chenye bomba la kupozea, hunasa mvuke na kuirudisha zebaki itumike tena, kwa hiyo kinaokoa hata fedha. Kuchoma nje ya makazi, mbali na watoto, kunapunguza mengi kwa siku moja. Kuna wanaoyeyusha dhahabu kwa boraksi bila zebaki, pale mchanga wao unapofaa. Na marudio, yaani mchanga uliokwisha pitia zebaki, yasipelekwe kwenye vati la sayanaidi kabla zebaki haijaondolewa, kwa sababu sayanaidi huiyeyusha zebaki na kuisafirisha mbali zaidi.

Mengi ya haya yamegusiwa kwenye Mkataba wa Minamata, uliobeba jina la mji ule ule wa wavuvi. Tanzania iliusaini Oktoba 2013 na kuuridhia mwaka 2020. Mkataba unataka nchi ikomeshe uchomaji wa wazi na uchomaji kwenye makazi. Unataka pia jambo ambalo halisemwi sana kwenye warsha: mkakati wa afya, wenye kukusanya takwimu za afya za walioathirika na kuwafundisha wahudumu wa zahanati.

Machi 2019 soko la madini lilifunguliwa Geita. Juni 2021 kiwanda cha kusafisha dhahabu kilizinduliwa hapa Mwanza. Sokoni dhahabu inapimwa mpaka sehemu ndogo ya gramu, mrabaha na ada ya ukaguzi vinakatwa hapo hapo, na kila mzigo una karatasi yake. Halmashauri zetu zinapata mapato kutokana na dhahabu hiyo. Mizani ya dhahabu tunayo, na ni sahihi kabisa. Ninachoomba ni kipimo cha yule aliyeichoma kabla haijafika sokoni.

Wala hatuanzi kutoka sifuri. Mkemia Mkuu wa Serikali ana ofisi ya Kanda ya Ziwa hapa hapa Mwanza. Nyegezi tumeonyesha kwamba tukiamua tunajenga maabara inayoaminiwa na dunia. Kwa hiyo kikao cha bajeti cha halmashauri yako kinapokaribia, mwite diwani, muulize ni fungu gani limetengwa kwa ajili ya kupima zebaki kwa wachomaji, wake zao na watoto wao. Pa kuanzia pako wazi. Mjamzito anapofika kliniki kwa mara ya kwanza hupimwa damu, VVU na kaswende, na mkojo wake huchukuliwa kutazama protini. Katika kata za machimbo, mstari mmoja uongezwe kwenye fomu ile: zebaki.